Sioni, sina TV, na home theater yangu ya Rwamishenye siiuzi

Wakuu, nawasalimu kutoka Rwamishenye, hapa Bukoba. Mvua imekatika kidogo, ndiyo maana nimepata nafasi ya kuandika.

Ninaandika kwa kuongea na simu, halafu simu inanisomea. Mkikuta neno limekaa vibaya, laumuni simu. Mengine yote ni yangu, yamenitokea, na mke wangu kayasikiliza kabla sijabonyeza "post".

Juzi juzi kulikuwa na uzi humu wa filamu zenye surround kali, sauti inayokuzunguka pande zote. Nikauliza swali langu kuhusu spika za nyuma, nikataja kwamba mimi sioni. Mkuu mmoja akajibu kuwa home theater kwa kipofu ni sawa na viatu kwa asiye na miguu. Akagongewa likes nyingi kweli.

Sijakasirika.

Hapana, nimekasirika. Lakini nimekaa nayo siku kadhaa nikaona nimjibu kwa uzi mzima.

Mimi nilikuwa dereva wa lori. Nimebeba kahawa kutoka Muleba kuja Bukoba miaka kumi na nne. Gari likiwa na tatizo nilikuwa nalijua kwa sikio kabla fundi hajafungua boneti. Bearing ikianza kuchoka ina sauti yake, na propela ina yake.

Kumbe macho nayo yalikuwa yanachoka, ila hayana sauti.

Presha ya macho haiumi, wakuu. Mbele unaona vizuri tu. Pembeni ndiko kunakokufa taratibu, na hujui. Naomba wenye ndugu waliougua waende wakapimwe, hilo nalisema nje ya mada.

Siku moja asubuhi nikiwa barabarani Kanazi, mtu wa baiskeli aliyebeba mikungu ya ndizi akatokea ubavuni mwangu. Kwangu mimi ni kama alitoka ardhini. Nikakata usukani, yeye akaangukia kwenye nyasi. Hakuumia. Alisimama akaanza kunitukana kwa Kihaya, na alikuwa na haki yote.

Nikashuka kumsaidia kuokota ndizi zake. Nikapata mikungu miwili. Wa tatu nikautafuta, nikautafuta.

Ulikuwa karibu na mguu wangu.

Yule bwana akaacha kutukana. Akaniuliza kwa upole, "Waitu, ndugu yangu, wewe unaona?"

Nikaegesha lori pale pale, nikampigia bosi, nikamwambia atume dereva mwingine. Sijashika usukani tena. Mwaka uliofuata hata ule mwanga wa mbele ukaisha.

Watu wakaja kutoa pole. Akaja pia kaka yangu mkubwa, Felisian, anayetunza kibanja cha baba, shamba la migomba na kahawa, huko Nshamba. Simchukii Felisian. Baba alipougua muda mrefu, yeye ndiye alimuuguza. Lakini siku hiyo, wakati wa kuondoka, akasema ile TV yetu iende Nshamba wakaangalie watoto wake, kwani hapa nani anaiangalia.

Mke wangu Koku alinyamaza kwa heshima ya shemeji. Na mimi nikanyamaza. Nikasikia waya unachomolewa ukutani.

Nilikuwepo sebuleni, wakuu. Nimekaa kwenye kiti.

Baada ya hapo nilikaa chumbani karibu miezi sita. Koku akirudi kutoka shuleni anakofundisha, ananikuta nilivyokuwa asubuhi.

Sasa kilichonitoa ndani.

Koku alinipeleka kwa fundi mmoja wa redio pale mjini, simu yangu ilikuwa na shida. Fundi alikuwa amemaliza kutengeneza receiver ya mteja, ile mashine inayogawa sauti kwa spika, anaijaribu na spika zote tano na subwoofer. Akanikalisha kwenye stuli katikati ya chumba kwa sababu hapakuwa na nafasi nyingine.

Akaweka filamu. Mtu anaingia kwenye nyumba isiyo na watu. Hakuna muziki, hakuna maneno.

Mlango ulifunguka mbele kushoto kwangu. Nyayo zikapita kwenye mbao, zikazunguka upande wa kulia, zikaenda nyuma yangu. Zikasimama. Juu kulikuwa na bati moja linapigwa na upepo. Nikajua chumba kile ni kirefu, kina dari ya juu, dirisha moja limevunjika.

Mjue kwamba tangu nipoteze macho, dunia yangu ilikuwa imeishia pale mkono wangu unapofika. Ghafla nimepewa nyumba nzima. Nilijua ukuta uko wapi bila kuugusa.

Nikaanza kulia mbele ya fundi. Yeye akadhani ameniudhi, akazima. Nikamwambia awashe.

Sitawasimulia nilivyonunua spika moja moja. Ilichukua muda, na ilikuwa akiba yangu mwenyewe. Nilizifunga mimi. Nimepima kwa kamba kutoka kiti changu hadi kila spika, nikagongomea misumari midogo ya alama ninayoipapasa kwa kidole. Center, spika ya katikati, iko usawa wa masikio. Ukutani nimetundika mikeka minene ili sauti isirukeruke. Kompyuta ya zamani ya Koku inanisomea menyu, na kioo chake nimekigeuzia ukutani.

Kero yangu kubwa ni mvua. Wenyeji wa Kagera mnanielewa. Bati letu likianza, hata subwoofer inanyoosha mikono. Filamu za ukimya nasubiri kiangazi.

Na nyie mnaosambaza filamu zilizotafsiriwa na DJ juu ya sauti yenyewe: kwenye TV sawa. Kwangu DJ anasimama katikati ya sebule anapiga kelele, nyumba yote inabomoka. Sizitaki.

Basi ikafika Jumapili moja baada ya misa. Felisian akaja na wazee wawili wa ukoo. Nikajua kuna jambo.

Alisema watu Nshamba wanacheka. Kwamba mdogo wake amerukwa na akili, anafungulia midundo kwenye chumba kisicho na TV. Kwamba vile vyombo viuzwe, mimi nirudi kibanjani nikae na ndugu, Koku abaki na kazi yake.

Kabla sijajibu, Koku akaongea. Alikuwa hajawahi kumkatalia shemeji yake kitu mbele ya wazee.

"Shemeji, alikuwa hanisemeshi. Tangu vile vitu viingie, nikirudi ananiuliza siku yangu ilikuwaje. Mimi sitaki viuzwe."

Nilisikia mzee mmoja akisogeza fimbo yake sakafuni.

Nikamwambia kaka akae kwenye kiti changu. Alikataa, mzee mmoja akamwambia kaa. Nikaweka filamu yenye lori linavuka daraja la mbao kwenye mvua. Hiyo nimeichagua kwa ajili yake, kwa sababu alishawahi kupanda lori langu mara nyingi.

Lori linaanzia mbali, nyuma kulia. Unalisikia linapanda gia. Linakuja mpaka sakafu inatetemeka, linapita juu yako, mbao zinalia moja moja.

Kiti kililia. Koku aliniambia baadaye kaka aligeuka kuangalia nyuma, mara mbili, na mzee mmoja alivuta miguu yake chini ya kiti.

Nikamwambia, "Kaka, gia ya tatu inakwaruza. Umeisikia?"

Akasema, "Nimeisikia."

"Basi hapo ndipo ninapoishi. Siondoki."

Ningependa kuwaambia kwamba alinikumbatia. Hakunikumbatia. Alisema hata hivyo ni mchezo tu, akanywa chai, akaondoka na wazee wake. Mpaka leo hajakubali, na tunapoongea kwenye simu tunaongelea kahawa. Sawa. Sihitaji akubali. Nilihitaji aache kunipangia, na ameacha.

Siku hizi kila Jumamosi saa kumi jioni nina wageni. Anakuja Mama Jenerosa, jirani yangu, mama mtu mzima ambaye hajaona tangu kuzaliwa. Anasali kwa Walutheri, anaimba alto, ana masikio kuliko mimi. Alikuwa hajawahi kukaa mbele ya filamu maisha yake yote, kwa sababu hakuna aliyefikiria kumwalika.

Wanakuja pia majirani wanaoona, wanafumba macho wenyewe kwa kupenda.

Jumamosi iliyopita ilikuwa filamu ya upelelezi. Karibu na mwisho wote wakakubaliana muuaji ni mwenye hoteli. Mama Jenerosa akakataa. Akasema muuaji ni yule mwanamke aliyeomba chumvi mezani, kwa sababu viatu vyake kisigino kimoja kimelegea, na viatu hivyo hivyo ndivyo vilivyopita kwenye korido kabla ya mauaji. Majirani wakabisha. Tukamaliza filamu.

Alikuwa mwanamke wa chumvi.

Mama Jenerosa aliomba aongezewe chai.

Somo nililopata ni hili: wakikuonea huruma, angalia wanaondoka na nini mkononi. Na usiruhusu mtu akuambie kitu fulani si cha watu kama wewe kabla hujakijaribu wewe mwenyewe.

Majina ya filamu sijayataja kwa makusudi, maana mtaacha uzi muanze kubishana ipi kali. Nichagulieni nyinyi zenye nyayo, mvua na vyumba vikubwa. Milipuko ninayo ya kutosha.

Na mkuu wa viatu, karibu Rwamishenye Jumamosi yoyote. Utakaa kiti cha katikati, utafumba macho, halafu urudi humu uandike ulichokiona.