Maji Niliyoyapita kwa Lori

Nimeendesha lori kati ya Arua na Koboko miaka mingi kiasi kwamba hadi leo, nikilala, mikono yangu inakata kona za barabara ile. Niliijua ilipokuwa vumbi, nikaijua ilipokuwa tope, na sasa naijua ikiwa lami. Ungeniuliza siku zile kuna nini kati ya mji mmoja na mwingine, ningekutajia wauza dizeli, waziba pancha, vizuizi vya askari, na mama mmoja aliyejua kupika maharage. Mlima nisingeutaja. Maporomoko ya maji nisingeyataja kabisa, maana sikujua kama yapo.

Kwa hiyo binti yangu wa mwisho aliporudi kutoka chuoni na kuniambia anataka kazi ya kuongoza watalii, nilicheka mpaka chai ikanipalia. Watalii gani? Hapa kwetu Pajulu mtu akionekana anatembea mikono mitupu, watu wanamuuliza ni nani anaumwa.

Nami nilikuwa na mpango wangu. Nilipoachana na malori nilinunua gari dogo la abiria, lakini magoti yakaanza kugoma, na gari likabaki limesimama nyuma ya nyumba, kuku wakilala chini yake. Nikapata mnunuzi. Ni Haji, fundi na mchuuzi wa magari pale mjini Arua, Mnubi wa kuzaliwa na kukulia hapo, rafiki yangu tangu enzi za lori. Tulipatana, tukashikana mikono, akasema atakuja kulichukua Jumatatu. Pesa hizo zingemfungulia binti duka la saruji na misumari, akae kivulini kama watoto wa wenzangu. Nilijiona baba mwema sana.

Binti hakulia wala hakununa. Aliomba Jumamosi moja tu. "Baba, kabla gari halijaondoka, nipeleke na wageni wangu siku moja. Tukirudi na bado unaona ni upuuzi, nitauza misumari." Mama yake akanitazama kwa lile jicho ambalo nimelizoea na bado linanishinda. Nikakubali. Haji aliposikia akasema naye atakuja, apate kuisikiliza injini kwenye safari ndefu.

Tuliondoka kabla jua halijachomoza. Mimi nilikuwa kwenye usukani, Haji kando yangu ameinamisha sikio upande wa gia, nyuma mke wangu na masufuria yake, na walimu wawili wa kike wa Arua waliokubali kuwa wageni wa kwanza. Binti alikuwa amevaa kofia pana na ametundika filimbi shingoni. Mke wangu alipoiona filimbi akageukia dirishani, akajifanya anakohoa.

"Dereva," binti akasema, "tunaweza kwenda."

Dereva! Nikamtazama kwenye kioo. Nimemlea, nimemsomesha, nimemshikia baiskeli mpaka akajua kuendesha, na leo mimi ni dereva. Haji alifurahi kupita kiasi. "Wewe hapana sikia mukubwa yako?" akaniambia. "Tia gia."

Kituo chetu cha kwanza kilikuwa Liru, ule mlima wa Koboko. Niliujua kama mtu anavyoijua nguzo ya simu. Mara moja ekseli ilinikatikia nikiwa ninauona, nikalala chini ya lori usiku kucha na kushinda hapo siku iliyofuata, na sikumbuki kama niliinua macho kuutazama hata mara moja. Sasa tuliacha gari kwenye nyumba ya mwisho, tukaanza kupanda. Magoti yalinitukana njia nzima. Binti alikuwa anatangulia, anatusubiri, anatangulia tena, na kila aliposimama alijifanya anatuonyesha kitu, ili nisione kwamba ananipa nafasi ya kupumua.

Tulifika kwenye jiwe moja pana, tupu, lenye ukubwa wa uwanja wa shule. Akatukalisha. Kwa sababu ya Haji na wageni alisema Kiswahili chetu cha huku.

"Hii jiwe mumekalia ilikuwa moto," akasema. "Zamani, kabla ya mutu, kabla ya miti, yote hii ilikuwa nayeyuka ndani ya udongo, kama mafuta kwa sufuria. Ile milima ya kusini kule, upande wa Kongo, natapika moto yao inje, watu naona. Hii yetu hapana tapika. Nabaki chini, napoa polepole. Udongo yenye ilikuwa juu, mvua nakula yote. Sasa hii ndiyo mifupa."

Haji akaacha kutafuna karanga. "Napoa siku ngapi?"

"Haji, mimi hapana weza kuhesabu. Chukua maisha ya baba yako, ya babu yako, ya watu yote yenye nalala makaburini Arua, unganisha. Bado iko kidogo sana."

Nilitaka kucheka, nikashindwa. Kuna kitu kimoja ninachokijua vizuri duniani, nacho ni joto la chuma. Lori lililobeba mzigo mzito likizimwa jioni, asubuhi ukiweka kiganja kwenye injini bado lina uvuguvugu, na nimepasha mikono yangu hivyo asubuhi nyingi za baridi. Nikaweka kiganja juu ya lile jiwe. Lilikuwa na joto. Nilijua fika kwamba ni jua la saa hizo, lakini kiganja kilikataa kusadiki. Injini moja usiku mmoja, na hili je?

Kisha akatuambia tusimame, tutazame. Huku Kongo, kule Sudani Kusini, chini yetu Koboko na mabati yake yanayong'aa. Nimepoteza sehemu kubwa ya ujana wangu kwenye mipaka hiyo miwili, nikifungua turubai na kulifunga, nikisubiri mtu fulani amalize chakula chake ndipo anipigie muhuri. Niliutafuta ule mpaka kwa macho, sikuuona. Niliona mashamba ya mihogo, moshi wa majiko, vijito, na nchi moja tu inayoendelea mpaka inachanganyika na mawingu. Nikavua kofia. Walimu walidhani ni jasho.

Tulikula pale pale juu, mihogo na samaki wa mke wangu, na kisira, ile mikate laini ya Wanubi, ambayo Haji alifungiwa na mkewe. Tukashuka, tukarudi barabarani kuelekea Arua. Nilikuwa nimetulia kuliko kawaida yangu, na binti aliogopa kunitazama. Tulipokuwa upande wa Maracha akasema, "Dereva, ingia hapa."

"Hapa?" nikauliza. Mahali penyewe nilipafahamu sana. Hapo ndipo nilipokuwa nikisimamisha lori kujisaidia, na masika, alfajiri kukiwa kimya, nilikuwa nasikia mngurumo kwa mbali. Siku zote nilidhani kuna mashine ya kusaga inayoanza kazi mapema. Nikawaambia. Haji alicheka mpaka akakaribia kuangusha kofia yake, lakini binti hakucheka. "Ndiyo hiyo mashine tunaenda kuona," akasema.

Njia ilikuwa ya baiskeli zaidi kuliko ya gari. Mwisho wake mama mmoja mtu mzima alikuwa analima karanga. Alipotuona tunateremka, watu waliovaa vizuri, na masufuria, na Haji katika kanzu yake nyeupe, aliweka jembe chini, akajifuta mikono kwenye kitenge, akaja kutushika mikono mmoja mmoja kwa huzuni kubwa. Kwetu gari lililojaa watu na chakula haliingii kijijini bila sababu. Alianza kwa Kilugbara chetu, na alipoiona kofia ya Haji akahamia Kiswahili.

"Pole, watu yangu. Nani amekufa?"

"Hapana kufa mutu, mama," Haji akajibu.

Akamtazama binti yangu, kisha walimu. "Basi munakuja kuoa?"

"Hapana kuoa," binti akasema. "Tunakuja kuona maji."

"Maji ya nani?"

"Yenye naanguka hapo chini."

Akafikiri. "Kuona tu?"

"Kuona tu, mama."

Alitupitia sote kwa macho, akaishia kwangu, mwenye mvi kuliko wote. "Na wewe, muzee muzima?"

"Mimi ni dereva," nikasema.

Neno lilitoka lenyewe. Nyuma yangu nikasikia mke wangu anacheka kwa pua. Yule mama akalitazama jembe lake, akatazama njia, akasema kama ni hivyo naye anakuja, maana nyasi zimekua na tutapotea.

Tuliteremka tukishikilia vichaka. Mngurumo ulikua mpaka hatukuweza kusemezana. Kwanza niliusikia kwa nyayo, kwa kuwa udongo ulikuwa unatetemeka. Kisha tukapita jiwe moja kubwa, na maji yakawa mbele yetu.

Sijui niseme nini ambacho kitatosha. Ilikuwa katikati ya msimu wa mvua nyingi. Mto ulikuwa umejaa, mwekundu wa udongo wetu, na ulifika kwenye ukingo wa mwamba ukajirusha wote, bila kusita, ukapasukia chini, ukawa moshi. Moshi ule ulipanda ukatulowesha nyuso. Jua la alasiri lilipenya ndani yake, upinde wa mvua ukasimama karibu kiasi kwamba nilinyoosha mkono. Niliogopa. Niliogopa kama mtoto, na wakati huohuo sikutaka kurudi nyuma hata hatua moja. Nilifikiria alfajiri zote zile nilizosimama pale barabarani na haraka zangu, na hiki kitu kikiwa huku kinafanya kazi yake, hakinihitaji.

Haji maisha yake yote anasikiliza vyuma. Hata ukimwalika harusini atakuambia jenereta ina kasoro wapi. Hapo alisimama mikono imelegea, midomo ikisema taratibu, na ingawa sikumsikia nilijua anamtukuza Mungu. Mke wangu alinishika mkono mbele za watu, jambo ambalo hatufanyi. Yule mama mwenye jembe alikuja akaniwekea mdomo sikioni.

"Mimi nachota hapo juu tangu bwana naleta mimi kwa hii boma," akasema. "Usiku ya mvua vikombe yangu nalia ndani ya nyumba. Lakini uso yake, mimi hapana ona siku hata moja."

Akabaki ameutazama uso huo, kitenge kikimlowa.

Binti yangu alikuwa ameandaa maneno. Nilikuwa nimemsikia nyumbani akiyafanyia mazoezi, ya mwamba mgumu na mwamba laini, na jinsi mto unavyoula mmoja na kuuacha mwingine. Hakusema hata moja. Alisimama pembeni, filimbi shingoni, na hakuwa anatazama maji. Alikuwa anatutazama sisi, mmoja baada ya mwingine, kama mama yake anavyotazama watu wakionja mboga yake. Aliponifikia mimi nilishindwa kuficha uso. Nilikuwa nalia, na ule moshi wa maji haukutosha kunisitiri.

Tukamwacha yule mama kwenye karanga zake, tukaondoka. Njiani Haji alisahau hata kuinamisha sikio. Nilipomshusha kwake mjini alibaki ameshika mlango muda mrefu, halafu akasema, "Basi, Jumatatu," akaingia ndani.

Hapo ndipo furaha yangu ilipokatika. Sikutaka tena kuuza lile gari. Nilikuwa nimeshika mkono wa mtu, tena mtu ambaye hajawahi kunidanganya, na katika biashara yetu ukishika mkono umemaliza. Jumapili nilijaribu kutafuta uongo unaofaa, nikauona kila mmoja una matundu. Binti hakuniuliza kitu. Baada ya kanisa alijaza ndoo, akaliosha gari kwa ajili ya mwenyewe mpya. Alichokonoa tope la Liru kwenye matairi kwa kijiti, taratibu, akatoa na majani ya kule majini yaliyonasa chini ya wipa. Nilitazama kutoka dirishani mpaka nikashindwa. Nikatoka kwenda kumwambia kitu, nikaishia kumwambia amesahau kufuta taa za nyuma.

"Nimeona, Baba," akasema, akazifuta.

Jumatatu asubuhi Haji alikuja na bodaboda mbili. Moja ilimleta yeye na mkoba wake wa ngozi, ule anaobebea pesa. Ya pili ilimleta mama yake, kikongwe aliyejifunika shuka jeupe, ambaye nilikuwa nimemwona mara chache sana, daima amekaa kwenye mkeka uani kwao. Nilikuwa nimesimama mlangoni na ufunguo mkononi. Haji hakunitazama. Alimshika mama yake mkono, akafungua mlango wa mbele wa gari, akamkalisha kwenye kiti alichokalia yeye Jumamosi, akamkunjia shuka lisibanwe na mlango. Mkoba akauweka miguuni mwake, bado umefungwa.

"Mama yangu nazaliwa Arua, nazeeka Arua," akaniambia. "Peleka yeye kwanza aone ile maji. Mambo ya gari tutaongea nyuma."

Nyuma yangu binti alikuwa ametoka jikoni, unga wa mihogo mikononi. Alilitazama gari, akamtazama bibi aliyekaa mbele, akanitazama mimi. Kisha akakimbia ndani, na aliporudi alikuwa amevaa kofia yake, na filimbi.

"Dereva," akasema, "tunachelewa."

Nikazunguka upande wangu, nikawasha injini. Hiyo habari ya gari, mimi na Haji hatujaiongea mpaka leo.