Maua ya Mbaazi ya Fransiska

Huku Masakta kila mtu alimsifu Judica. Kanisani walimtaja, na kaka yake Evarist, mwenye duka Dongobesh, akija Krismasi aliwaambia wageni kwamba dada yake ni malaika. Kilemba cha ukoka tu. Mimi jirani yake sikumsifu hata siku moja, maana nilimwona kila asubuhi akishuka bwawani, na nilijua anakwenda kufanya nini.

Bustani yetu inaelea juu ya bwawa hilo. Ni matete yaliyosukwa, udongo juu yake, na kamba za kuizuia isichukuliwe na upepo. Kila mtu wa kijiji ana mche wake wa mbaazi mle. Mbaazi hizo hazifuati mvua wala mwaka, zinamfuata mwenyewe. Ukizaliwa unapandiwa mche, ukikua nao unakua, ukichanua na kuweka maganda ujue umri unakwenda, na maganda yote yakikauka tunajua tuanze kuchimba kaburi. Hilo halimshangazi mtu hapa.

Mama yake Judica, Fransiska, alipopigwa na kiharusi, mche wake ulikuwa umejaa maua. Alimshika binti yake mkono akamwambia asimwache. Judica, ambaye wakati huo alikuwa mchumba wa Baltazar, alishuka bwawani akayachuma maua yote kwa kucha, lisibaki hata moja la kuweka ganda. Mama yake hakufa. Hakupona pia. Alibaki vilevile kitandani, nywele hazirefuki, kucha hazikui. Na maua ya mbaazi hayana adabu, ukiyachuma leo kesho yametoka mengine. Judica hakuweza kulala nje ya Masakta hata usiku mmoja. Harusi ikaahirishwa, ikaahirishwa tena, mpaka Baltazar akaoa kwingine.

Laiti yangeishia hapo. Siku unazomzuilia mtu hazipotei, zinahamia kwenye mche wa jirani, na miche ya mama na mtoto hupandwa pamoja. Tukamwona Judica akizeeka mbele ya macho yetu, mgongo ukapinda, meno yakaanza kung'oka. Nilimwambia wazi kwamba anajimaliza. Akanijibu kwamba siku nikiuguza mama yangu nitaelewa. Niliumia, tukanuniana msimu mzima wa maharage. Fransiska hakujua lolote. Chumba chake kina dirisha dogo lisiloingiza mwanga wa kutosha, na Judica hakuvua kitambaa cha kichwa mbele yake.

Mwaka huu zahanati ikapata nesi mpya, Kissa, mtoto wa Mbeya mwenye heshima zake. Alipokuja kumwona mgonjwa nilikuwepo, nimeleta maziwa. Alipiga goti mlangoni kwa Judica.

"Shikamoo, bibi."

Judica akaitika marahaba, bila kushtuka, kwa sauti ya mtu aliyekwisha kuizoea. Nesi akaenda kitandani, akamwamkia na Fransiska, akampima presha, akasema kwa nia njema kabisa, "Una bahati, mama. Kuuguzwa na mama yako mzazi, na umri wake ule."

Nesi alipoondoka, Fransiska alimwambia binti yake avue kitambaa. Judica akakataa. Akaambiwa tena, akavua. Kichwa kilikuwa cheupe chote.

"Ulisema nisikuache," Judica akasema.

"Nilisema. Nilikuwa naogopa." Fransiska akatugeukia sote wawili. "Kesho nipelekeni huko bwawani."

Asubuhi mimi na mume wangu Yoakimu tulimbeba kwenye kiti. Judica alitangulia, na nilimwona akiharakisha ili ayawahi maua kabla hatujafika. Hakuyawahi, miguu haikumruhusu. Tulimweka Fransiska katikati ya miche miwili. Wake ulikuwa umechanua vizuri, kama wa kijana. Wa Judica ulikuwa maganda makavu yanayochakacha, isipokuwa tawi moja la chini lenye maua machache.

Nilidhani ataomba tu wake uachwe. Aliuliza kama siku zilizokwenda zinaweza kurudi. Nikamwambia hapana, hazirudi, zinaweza kuzuiliwa tu. Basi akanyoosha mkono wake mzima, akaanza kuchuma maua ya tawi la Judica, moja moja, kwa kucha.

"Mama, acha," Judica akasema. "Zinakwenda kwako."

"Najua zinakokwenda."

Judica akamshika mkono. Fransiska akautoa, akaendelea. Kwenye mche wake mwenyewe maua yalianza kudondoka na maganda kujitokeza, yakajaa, mengine yakaanza kugeuka rangi, nasi tumesimama tunatazama. Judica alinigeukia akaniomba nimwambie mama yake aache. Nilikuwa na hasira za miaka juu ya jambo hili, lakini pale nililia tu.

Alipomaliza ua la mwisho alijifuta vidole kwenye kitenge, akasema amechoka, arudishwe akalale. Judica akataka ambebe yeye. Aliinama, akajaribu, hakuweza hata kukiinua kiti. Tukambeba mimi na Yoakimu.

Kilima kile kina utelezi asubuhi. Judica alikuja nyuma yetu akilia kwa sauti, na njia nzima Fransiska alikuwa anageuza shingo kumwambia aangalie anapokanyaga, asije akaanguka.