Kurasa Kumi na Moja za Mwalimu

Nilitoka Namtumbo kwenda Songea kuthibitishiwa ushindi. Baraza la kata lilikuwa limenipa shamba la bondeni nililogombania na jirani yangu mjane, Mama Kolumba, naye akakata rufaa. Mimi, mwalimu mstaafu, nilimhurumia kwa kujisumbua. Nilinunua hata koti la mitumba, iliyokuwa imeanza kufurika gulioni miaka ile, ili hakimu ajue anashughulika na mtu wa aina gani.

Saa kumi na mbili asubuhi nilipanda lori la mfanyabiashara wa mahindi, maana sasa watu binafsi walikuwa wameruhusiwa kununua mazao. Juu ya magunia nilimkuta Mama Kolumba.

"Umeamkaje, Mwalimu?"

"Salama, mama. Pole na safari."

Alifungua kitambaa, akanimegea kiazi kitamu. Nilikila huku nikimfundisha sheria za ardhi mpaka vilima vya Matogoro vikaonekana.

Saa nne tuliitwa mahakamani. Hakimu alifungua jalada.

"Mwalimu alitoa maelezo ya kurasa kumi na moja," alisema.

Nilisimama, nikashukuru. Karani akanivuta koti niketi.

"Na maelezo ya mama huyu yako wapi?" hakimu aliuliza.

Karani alifunua hadi mwisho. Palikuwa na mstari mmoja: muda umekwisha, baraza limefungwa.

"Rufaa imekubaliwa," hakimu alisema. "Uamuzi umefutwa. Shauri lirudi barazani, lisikilizwe upya."

"Kwa hiyo shamba ni langu?" aliuliza Mama Kolumba.

"Bado, mama. Wala si la Mwalimu. Nitajuaje ni la nani, na wewe hujaulizwa?"

Alasiri tulirudi na lori lilelile, sasa tupu. Tulirushwarushwa kama maharage kwenye ungo. Sikuwa na somo la kutoa.

"Siku ile barazani uliongea," alisema Mama Kolumba, "mpaka mbuzi wangu wakarudi nyumbani wenyewe."

"Ungepewa nafasi ungesema nini?"

"Baba yako alipovunjika mguu, wewe ulikuwa mbali, unafundisha. Mume wangu alimfunga mguu kwa pampu ya baiskeli ili usitikisike, akamkokota kwa baiskeli hiyohiyo hadi barabarani, akapata gari la kumfikisha hospitali ya Peramiho. Akamuuguza huko mpaka akasimama. Mzee ndipo akampa lile bonde."

Ukutani kwetu ilining'inia pampu ya baiskeli miaka yote, na baba hakuwahi kuwa na baiskeli. Sikuwahi kumuuliza.

Wiki mbili baadaye, barazani, Mama Kolumba alieleza hayohayo bila haraka. Mwenyekiti akanigeukia kwa uso wa mtu anayejiandaa kukaa mpaka jua lizame.

"Mwalimu, una la kujibu?"

"Ni kweli. Shamba ni lake."

Wajumbe walitazamana, wakisubiri niendelee. Maisha yangu yote ya kazi niliwaambia watoto wanyamaze wasikilize. Ilibidi nipelekwe Songea na kurudishwa ndipo nami nikalielewa somo hilo. Niliketi.