Kidole Gumba cha Mzee na Tairi ya Nyuma

Mzee wangu, mume wangu wa miaka mingi, hajawahi kupima upepo wa tairi kwa kitu kingine isipokuwa kidole gumba. Miaka yote tuliyokaa huku nje ya mji, upande wa barabara ya Turbo, kila asubuhi anashika pampu yake ya mkono, anajaza, anabonyeza tairi, anasema, "Imeshika." Halafu anafunga mitungi miwili ya maziwa kwenye keria na kwenda mtaa wa Elgon View, kwa watu wanaoyangojea kupika chai. Mimi sikuwahi kumuuliza. Kukamua ni kazi yangu, baiskeli ni yake.

Mwaka huu, kwenye ile baridi ya Julai, tairi ya nyuma ikaanza kututesa. Pancha Jumatatu. Pancha Jumatano. Ijumaa akarudi akisukuma baiskeli, suruali imepasuka gotini na mtungi mmoja mtupu. Tairi iliisha upepo akiwa kwenye mteremko, akaanguka. Siku hiyo watu wa Elgon View walikunywa strungi, chai bila maziwa.

Nilitoa ile tyubu nikaenda nayo kwa fundi wa baiskeli pale stegi ya bodaboda. Sikumsalimia.

"Umemuuzia mzee wangu tyubu imeoza," nikamwambia. "Unataka nizike mtu?"

Fundi mwenyewe ni mtu mzima, mvi zimeanza. Akafuta mikono. "Mama, karibu ukae kwanza."

"Sikuja kukaa."

Mtu mmoja wa bodaboda akacheka. "Mama, ukimaliza na huyo, uje ugombane na fundi wangu pia."

Fundi akajaza tyubu upepo, akaizamisha kwenye beseni ya maji. Vipovu vikatoka mahali pawili, palipokaribiana kama macho.

"Msumari unatoboa tundu moja, Mama. Hizi mbili ni rimu, hiki chuma cha gurudumu. Tairi ikiwa na upepo kidogo na umebeba mzigo, ukigonga jiwe, rimu inashuka inabana tyubu. Mzee anatembea na tairi laini."

"Mzee anajaza kila siku. Namwona kwa macho yangu."

"Basi kesho umwone vizuri."

Nilirudi nyumbani nimefura. Lakini kesho yake nikasimama pale na ndoo yangu, nikamtazama. Akapiga pampu mara kumi na tano. Akabonyeza. "Imeshika."

Nikaweka ndoo chini, nikabonyeza mimi. Kidole kikazama kama kwenye avokado iliyoiva.

"Hii ni laini."

"Ni baridi. Kidole chako kimekufa ganzi."

"Changu? Mimi nimetoka kukamua saa hii, mikono yangu ni moto."

Nikamshika mkono. Kwenye kile kidole gumba kulikuwa na kidonda cha moto, lengelenge limepasuka, nyama iko nje.

"Umeungua lini?"

"Wapi?" akauliza.

Akakitazama kile kidole kama kitu cha mtu mwingine kilichosahauliwa kwake. Hapo ndipo niliyokuwa nimeona yaliponirudia: shati lililofungwa vifungo kombo, kikombe kilichomponyoka, kandambili iliyomtoka mguuni akaendelea kutembea bila kujua. Yote hayo nilisema ni baridi. Huku kwetu alfajiri ya baridi, mikono ya kila mtu haisikii, kwa hiyo sikujiuliza mbona ya kwake hairudi hata jua likiwaka. Mimi nimesoma mpaka darasa la tatu tu, lakini hilo halihitaji shule.

Hospitali walisema ni sukari, na imekaa mwilini muda mrefu mpaka vidole havisikii. Nikamwambia baiskeli inatoka hapa nyumbani, nitampa mpwa wake. Nilidhani atapiga kelele, na kelele ningeziweza. Aliuliza tu, "Na mimi nitakuwa naamkia nini?"

Swali hilo nikarudi nalo hospitali. Mimi si mtu wa kukosa jibu.

Nikamuuliza daktari. Akasema anaweza kuendesha polepole, ameze dawa, avae viatu vilivyofungwa, na mimi nimkague miguu kila jioni. Kisha nikarudi kwa fundi. Safari hii nilisalimia kwanza.

"Nilikukosea," nikamwambia.

"Imeisha, Mama. Kaa."

Nikakaa. Akanionyesha kwamba upepo unapimwa baada ya mzigo kupanda, si kabla. Unatazama pale tairi inapogusa chini. Ikitokeza sana pembeni, ongeza. Lakini usiifanye ngumu kama jiwe, maana itamrusha kwenye kila changarawe. Ni kazi ya macho, na macho ya mzee bado ni mazima. Nilimfundisha kama nilivyofundishwa, akashika siku ya kwanza.

Kwa hiyo kidole changu hakihitajiki. Nafikiri juu ya hilo nikiwa na ng'ombe. Miaka yote hiyo nilisikia "Imeshika" nikaridhika, na sikuwahi kushika tairi wala mkono.

Leo asubuhi pampu ilinyamaza, nikangoja nisikie baiskeli ikitoka. Haikutoka.

"Mama! Kuja ubonyeze."

"Si una macho?"

"Kuja."

Nikaenda. Mitungi ilikuwa imeshafungwa, viatu vimefungwa pia. Nikainama, nikabonyeza, nikamwambia apige pampu mara tano zaidi.

Akaongeza sita, kwa sababu ni mbishi.