Chai Niliyoikataa Muthara

Nilikuwa mpima ardhi. Kesi ya shamba ilipomtatiza jaji, alinituma kama kamishna wa mahakama nikaone kwa macho yangu, kisha niandike ripoti. Sharti lilikuwa moja: usile wala usinywe kwa mtu mwenye kesi. Huku Meru, ambako mgeni hapewi kiti bila kikombe cha chai, sharti hilo lilinifanya nionekane mtu wa ajabu. Nilibeba flaski na mkate wangu, nikala nimeegemea gari, pande zote mbili zikinitazama. Jioni nilirudi chumbani kwangu karibu na uwanja wa michezo wa Kinoru. Siku za mechi nilisikia uwanja mzima ukishangilia bao, nami sikuwa na hata mtu wa kumwuliza ni nani amefunga. Nilikuwa mpweke, na niliona haya kusema hivyo.

Kesi ya huko kijijini Muthara ilikuwa ya mjane mzee. Hati ya shamba ilikuwa na jina la binamu ya marehemu mumewe. Mama alisema ameishi kwenye ekari zile tatu tangu alipoolewa, lakini waliolishuhudia hilo walikuwa wamekwisha kufa. Kwa hiyo jaji alitaka kujua nini kipo shambani na kina umri gani. Vitu vya zamani vingemwokoa. Bila hivyo angehama.

Nilimkuta langoni na kitambaa cheupe cha kanisa kichwani. Uwanja ulikuwa umefagiliwa ukang'aa, na kando ya njia kulikuwa na maua yaliyopandwa juzi, udongo wake ungali mbichi. Akina mama wa kanisa walikuwa wamemsaidia wiki nzima, jinsi wanavyofanya mchungaji akitarajiwa.

"Nyumba yako ya zamani iko wapi, mama?" niliuliza.

"Hiyo ya matope? Tulibomoa. Ilikuwa inaniaibisha."

"Na kahawa ya mzee?"

"Tuling'oa yote. Ilikuwa imezeeka, haizai hata debe. Mimi sikutaka watu wa korti wakute hapa ni kichaka."

Alikuwa akitabasamu. Binamu alisimama kando na wakili wake, akiangalia viatu vyake, mabega yakimtikisika kwa kicheko alichokibana. Nilimchukia papo hapo.

Nyuma ya jiko kulikuwa na rundo la visiki vya kahawa, vinene kama paja. Yeyote aliyelelewa kwenye kahawa angejua ni vya miaka mingi. Wakili akasema visiki vilivyong'olewa vyaweza kuwa vimetoka popote, na kwa kanuni hakukosea. Nikaandika: nyumba ya mbao, mpya; maua, machanga; kuni, rundo moja. Kuni! Ningeweza kuongeza sentensi moja tu juu ya unene wake. Niliogopa kuambiwa nimependelea, nikafunga daftari.

Mama alikuwa amekwisha kumimina chai.

"Siruhusiwi, mama."

"Hata nusu kikombe? Umetoka mbali."

"Siruhusiwi."

"Sawa. Kesi ikiisha utakunywa."

Nilikula mkate wangu kwenye gari.

Miezi kadhaa baadaye nilitumwa tena, mara hii kusimika mawe ya mpaka ya binamu, mwenye hati. Jaji alikuwa ameisoma ripoti yangu na kuliamini kila neno. Nilimkuta mama akifunga sufuria zake ndani ya shuka. Nilitamani anitukane. Hakufanya hivyo. Aliniangalia kidogo, akaifungua shuka, akatoa sufuria moja na vikombe viwili.

"Sasa kesi imeisha," alisema. "Kaa chini."

Nikakaa kwenye kigoda. Rundo lile lilikuwa limekwisha. Kisiki cha mwisho kilikuwa kinawaka chini ya sufuria. Katika miaka yangu yote ya kazi ile, hiyo ndiyo chai ya kwanza niliyokunywa nyumbani kwa mtu. Aliniuliza kama sukari inatosha, nikamwambia inatosha.