Muuza Nyanya Aliyekataa Kunyooshwa Ulimi

Jumapili nikitoka kanisani niliambiwa kwamba yule mama aliyekuwa akiigiza muuza nyanya katika mchezo wetu wa redio hapa Mwanza amefariki dunia. Wengi wenu hamkuijua sura yake, lakini mnaikumbuka ile "Kalibuni, nyanya za leo hizi." Kwanza nilijiuliza kama nilimfahamu kiasi cha kuandika habari zake, maana nilifanya naye kazi msimu mmoja tu, nikijitolea studioni baada ya chuo. Kisha nikajiuliza kama kujiuliza huko si kujifikiria mwenyewe. Basi, naandika.

Msimu huo ugonjwa wa koo ulikuwa umeimaliza sauti yake, akawa anaongea nasi kwa kuandika kwenye simu. Mwongozaji akapendekeza, kwa upole, katika hadithi muuza nyanya ahamie Misungwi kwa dada yake, mchezo uendelee bila yeye. Mama akaandika: "Misungwi nina shughuli gani?" Ndipo fundi mitambo akatoa wazo la akili mnemba: mashine isikilizishwe vipindi vya zamani, iseme kwa sauti ya mama. Mama akakubali, kwa sharti kwamba wasikilizaji waambiwe. Mimi niliogopa kwamba itashindwa, na niliogopa zaidi kwamba itaweza, halafu mwakani ifanye kazi ya utangazaji niliyoisomea.

Iliweza. Sauti ilikuwa yake kabisa, ila ilisema "Karibuni" kwa r safi ya darasani. Mama alicheka kimyakimya hadi machozi yakamtoka, akaandika: "Huyo ni mwalimu wa chuo cha Butimba. Mimi nauza nyanya sokoni Igogo."

"Shikamoo mama, si imekunyoosha ulimi bure kabisa?" fundi akatania.

"Marahaba. Nani kakwambia umepinda?" mama akaandika.

Akaketi kuandika upya maneno yake yote kama anavyoyatamka: kalibuni, habali, acha halaka. Akaweka mkato kila mahali ambapo yeye huvuta pumzi. Mashine ikasahihisha, naye akaisahihisha. Walishindana hivyo mchana kutwa, fundi akibonyeza, mama akitikisa kichwa, mpaka muuza nyanya akatoka kwenye spika akiwa mzima, na mwongozaji, aliyekuwa mlangoni, akasema tu, "Haya, Misungwi hatuendi."

Kipindi kiliporuka hewani, tulitangaza kwanza kwamba sauti imetengenezwa kwa mashine kwa ridhaa ya mwenyewe. Simu zikamiminika. "Mwambieni tumemtambua," alisema mama mmoja. "Mashine mashine gani, huyo ni yeye." Muuza nyanya wetu akainua mikono juu kama aliyefunga goli, na aliigiza mpaka mchezo ukaisha.

Tangu hapo nimepunguza, sijaacha, kuihofia mitambo inayozungumza. Itatuletea ndimi zilizonyooka kuliko zetu, nasi tutashawishika kuona aibu. Wenzangu mnaotafuta kazi, ikifika kwenu, msikimbilie kujinyoosha. Ipindeni iwafuate.