Lango la Ufalme Wetu

Mtoto wa mwenyeji wangu ameacha katuni yake ya Kijapani kitini. Ndani yake kijana anajenga ufalme porini, joka linaoka mikate, na kila mgeni anapewa nyumba. Kurasa zina madoa ya mafuta na harufu ya karanga.

Nilipokuwa mtoto kule Katuba, mtaani kwetu katika jimbo la Katanga, shule zilipofungwa, mimi na rafiki yangu tulichora ufalme kama huo kwenye daftari. Kisha familia yetu ikaambiwa si ya Katanga, ipande treni iondoke. Yeye alikuwa wa pale, basi nikamwachia daftari.

"Nitakuchungia, Mufalme," aliniambia. "Ukirudia, utakuta kila muntu iko mu nyumba yake."

Siku ya safari alikuja stesheni na karanga ambazo mama yake alikuwa akiuza barabarani.

"Kamata, Mufalme, ni ya mu njia. Usigawie muntu!"

Tulicheka wote wawili.

Treni ilipoondoka niliitazama karatasi aliyofungia karanga. Ulikuwa ukurasa wa daftari letu, wenye mchoro wa lango la ufalme wetu, na juu yake sheria niliyoiandika kwa kalamu nyekundu: hapa hafukuzwi mtu.

Nilikuwa na njaa. Nilikula karanga zote, kisha nikalamba chumvi iliyobaki langoni.